Shangazi wa Seti: Nimechoka kupaka kuta za wenzangu, nataka niwe prodyusa

SWALI

Shikamoo Shangazi. Mimi msomaji wako wa Malindi, naishi pande za Maweni, ni dizaina wa seti kwenye tamthilia za runinga. Nilianza kwa kupaka rangi na kubeba propsi, sa hii ndo mimi naongoza idara, yani mafundi mbao, mafundi rangi na wasichana wa kupamba wote wako chini yangu. Sasa nina mambo matatu yananikosesha usingizi.

La kwanza, kuna sebule ya tajiri niliichora mimi mwenyewe, tao, zidaka za plaiwudi, dari ya boriti za uongo, kila kitu, kwa kampuni moja ya Nairobi iliyokuja kupiga tamthilia huku kwetu. Juzi nimekaa na mamangu twatazama runinga naiona sebule yangu ileile kwa tamthilia nyengine kabisa ya kampuni hiohio, wamebadilisha mapazia tu, wala jina langu halipo. Nilipopiga simu nikaambiwa "si tulikulipa". Hiyo ni haki kweli?

La pili, haohao wanataka msimu ujao niwe lain prodyusa, lakini pesa ni zilezile, ati "tutaangalia mbele".

La tatu, nina hadithi yangu, ya mwanamke fundi wa kuchonga milango, nataka kuipiga Lamu na niwe prodyusa mwenyewe. Kakangu acheka, asema wasanii hawajui hesabu, kuna dizaina gani aliwahi kuwa prodyusa. Nijibu bila kunionea haya.

*Mchora Sebule, Malindi*

JIBU

Marahaba mwanangu. Nianze na kakako manake huyo ndo rahisi. Mwambie hakuna mtu kwenye seti anayehesabu kama dizaina, ata mhasibu mwenyewe anasubiri karatasi itoke kwako. Wewe ukipewa skripti hausomi hadithi kwanza, wasoma sini ngapi ziko sebuleni, ngapi jikoni, ngapi ufuoni, alafu hapo ndo unaamua sebule tuijenge godauni kwa sababu tutarudi humo kila wiki, jiko tukodishe kwa mtu, na ile ofisi ya wakili inayoonekana mara moja tuigeuze chumba cha hoteli kwa meza na vitabu. Ukiamua kujenga, unaamua pia ukuta upi uwe wa kuondoka ili kamera iingie, na hapo umeshaokoa masaa ya taa kusogezwa. Unajua plaiwudi imepanda bei kabla ya mtu mwengine yeyote kujua, wajua fundi yupi ataka pesa asubuhi na yupi atasubiri Ijumaa. Hiyo ni nusu ya kazi ya prodyusa na wewe umekua ukiifanya kwa mshahara wa dizaina miaka yote. Nusu iliobaki ni karatasi, na ndo hiyo imekuuma kwenye sebule.

Sasa hiyo sebule. Nataka nikwambie kitu hutakipenda. Hapa Kenya Sheria ya Hakimiliki ya mwaka 2001, kifungu cha 31, yasema kazi ulioagizwa kuifanya, au ulioifanya ukiwa mwajiriwa, haki zake zahesabika zimehamia kwa yule aliyekuagiza au mwajiri wako, isipokua mmekubaliana vyengine. Hayo maneno ya mwisho ndo yote. Wewe hukukubaliana vyengine, pengine ata karatasi hukusaini, mlimalizana kwa simu na M-Pesa, bas wao wana la kusimamia. Jina lako kukosekana nalo laudhi, na hapo usinyamaze, kifungu cha 32 cha sheria hiyohiyo chamwachia mtunzi haki ya kudai kua kazi ni yake ata kama haki nyengine zimehama, kwa hiyo hilo la jina lidai kwa maandishi. Kitu chengine ambacho bado ni chako moja kwa moja ni mali yenyewe, kama kwenye ile sebule kulikua na kasha la bibi yako, mkeka wako, taa ulizonunua kwa pesa yako na zikabaki kwao, hizo waandikie leo uzidai, taja kimoja kimoja na picha yake, hiyo si hakimiliki, hivyo ni vyombo vyako. Hayo mengine mpelekee wakili ayasome mwenyewe, mimi Shangazi tu.

Na usidhani ni wewe wa kwanza au ni ushamba wetu wa pwani. BBC kule London mwaka 1963 walikua na tamthilia ya watoto na wakubwa, Doctor Who, wakahitaji adui wa kutisha. Kazi ya kumchora ilikua impate kijana mmoja dizaina wa hapo ndani, ratiba ikamkatalia, akapewa mwenzake, Raymond Cusick. Cusick akatoa Dalek, lile dude la bati lisilo miguu lateleza tu sakafuni, na Waingereza wakapagawa nalo, wanasesere, vitabu, peremende, kila kitu kina Dalek. Mwandishi wa ile hadithi, Terry Nation, hakua mwajiriwa wa BBC, alikua na mkataba wake wa nje uliomwekea fungu, akatajirika. Cusick alikua wa mshahara. Akapewa kifuta jasho, kidogo cha kuchekesha, na umbo ambalo kila mtoto wa Uingereza alikua akilichora lilitoka mkononi kwake! Amefariki mwaka 2013 na bado watu waliuliza swali lako, hiyo ni haki kweli?

Yule kijana aliyekatazwa na ratiba ni Ridley Scott. Huyu ndo wa kumwonyesha kakako. Alisoma sanaa Royal College of Art, akaingia BBC kuchora seti, akahamia kuongoza, mwaka 1968 akafungua kampuni yake ya matangazo ya biashara, na mpaka leo yeye ni dairekta na pia ni prodyusa, kampuni yake ya Scott Free ndo ilikua moja ya waliotoa tamthilia ya The Good Wife kuanzia 2009. Lakini kitu kimoja chake nataka ukishike. Alipokua anatafuta kuipiga filamu ya Alien, iliotoka 1979, studio ilikua imetenga dola milioni 4.2. Akakaa akachora filamu nzima kwa mkono wake, sini baada ya sini, akaenda kuwaonyesha 20th Century Fox, na wao wakapandisha mpaka milioni 8.4. Maradufu, kwa michoro! Wewe na penseli yako unaingia kwa ofisi ya mwenye stesheni ukiwa na kitu ambacho prodyusa wengi hawana, wao huenda na maneno na kurasa za maandishi, mwenye pesa husoma mbili akachoka. Kwa hiyo usiende kule na skripti peke yake, nenda na michoro ya ule mlango na huyo mwanamke amesimama mbele yake.

Kuna na Polly Platt, huyu nampenda zaidi, nitasema ukweli. Huyu alikua wa filamu, na alikua mwanamke wa kwanza kuingia kama prodakshen dizaina kwenye chama cha madizaina cha Hollywood. Alikua akifanya kazi na mumewe, Peter Bogdanovich, mumewe ndo dairekta. Wakiwa wanapiga The Last Picture Show, iliotoka 1971, mume akaanza mapenzi na mwigizaji wa filamu hiyohiyo, na yeye Polly yuko palepale seti, ana idara, ana watu, akamaliza kazi. Na bado akatengeneza nyengine mbili na huyohuyo mwanamume, mimi sijui ningeweza. Akateuliwa Oscar kwa seti za Terms of Endearment ya 1983, alafu dairekta wa hiyo, James L. Brooks, akamchukua kwenye kampuni yake, mwaka 1987 ndo akawa prodyusa mtendaji wa Broadcast News, baadae prodyusa wa Say Anything na Bottle Rocket. Na ni yeye Polly aliyempa Brooks zawadi ya kibonzo cha mchoraji Matt Groening, Brooks akapenda akamwita huyo mchoraji, na hapo ndo ikazaliwa katuni ya runinga ya The Simpsons. Jicho la dizaina hilo mwanangu, kuona kitu cha mwenzio ukutani ukajua kitafaa wapi. Uprodyusa mwingi ni huo.

Tuje kwa hiyo kazi ya lain prodyusa. Kubali, lakini si kwa maneno ya "tutaangalia mbele". Lain prodyusa ndo anayeshika bajeti kila siku, ndo anayepigiwa simu saa kumi alfajiri kwamba jenereta halijafika, ndo anayelaumiwa kama kru haijala. Kazi ni kubwa kuliko uliyonayo, kwa nini pesa iwe ileile? Waambie wazi unataka malipo ya cheo hicho, jina kwenye krediti liandikwe vipi, na ukikubali pia kuchora seti hizo ni kazi mbili, ziandikwe mbili. Na ukiwa humo ndani, jifunze lile ambalo dizaina huwa hafikishiwi, yani mkataba wao na stesheni umekaaje. Hapo ndo kuna siri yenyewe. Kuna stesheni ikikuagiza tamthilia inalipa gharama zote na tamthilia inakua yake, wewe umebaki na faida ndogo juu ya bajeti. Na kuna njia ya pili, unatengeneza kwa pesa ulizotafuta mwenyewe alafu unawapa leseni ya kuionyesha kwa muda fulani, ukisha muda mali inarudi kwako waweza uza kwengine. Ya kwanza hulali njaa, ya pili yaweza kukufilisi kabla haijakulipa. Hapa Kenya kuna waliojenga jina kwa tamthilia za Kiswahili, Lulu Hassan na Rashid Abdalla wa Jiffy Pictures tunawaona, hao wamekaa kwenye uprodyusa muda mrefu, na ukiona prodyusa amerudia mandhari yaleyale msimu kwa msimu, hiyo ni hesabu si uvivu.

Na malipo ya stesheni huja vipandevipande, kingine ukisaini, kingine ukianza kupiga, kingine ukikabidhi, na hicho cha mwisho huchelewa mno, wakati fundi wako wa rangi haelewi habari za stesheni, yeye ataka chake Jumamosi. Kwa hiyo weka akiba ya asilimia 10 juu ya bajeti na usiiguse kwa ajili ya mapazia. Najua utataka kuigusa kwa ajili ya mapazia.

Sasa Lamu, hapo nina mengi manake ni kwetu. Leseni ya kupiga filamu utaiomba kwa KFCB, bodi ya serikali ya kuainisha filamu, sheria ya filamu ndo inavotaka, usije ukadhani kwa kua ni kwenu pwani na wazee wanakujua basi umemaliza. Ukitaka kuingia ngomeni au makumbusho, ni ruhusa ya Makumbusho ya Taifa, na drone ni ya mamlaka ya anga, KCAA. Wazee wa mtaa nao uwaone mapema kabla ya kamera kushuka, hilo halina fomu lakini ukilikosa utarudi na mashua ileile uliyokuja nayo.

Alafu nyumba zetu. Wewe umejenga Lamu ya plaiwudi huko Malindi ukaifanya pana, si ndio? Nyumba ya kweli ya Mkomani chumba chake ni kirefu lakini chembamba, kwa sababu dari imebebwa na boriti za mikoko na boriti haivuki zaidi ya kama mita tatu hivi. Ukuta ni nusu mita ya mawe, huwezi kuuondoa. Ukiweka kamera, mtu wa sauti na taa mbili, waigizaji hawana pa kusimama, lensi ya kupanua nayo itamfanya bibi harusi wako awe na pua ya ajabu. Kwa hiyo sini za mazungumzo marefu piga kiwandani, yani kwenye ua wa ndani ambao uko wazi juu, au jenga hicho chumba kimoja Malindi na Lamu uchukue njia, milango, gati na mapaa. Chokaa nyeupe ya nje saa sita mchana inaunguza picha yote, piga asubuhi na alasiri, na ukuta wako wa kujenga usiupake nyeupe kabisa, utie rangi ya chai kidogo.

Vifaa vitafika Mokowe kwa lori, hapo vyashushwa, vyapandishwa mashua, vyafika gatini, kutoka gatini ni punda na hamali. Ukiwa umefunga bokosi kubwa la futi nane la taa, hilo halipiti uchochoroni, funga madogo. Ratiba uifunge na maji, yakipwa mashua haikaribii kila mahali. Adhana uiweke kwenye kolshiti, yani karatasi ya ratiba ya siku, kama mapumziko, tano, na misikiti ni mingi haianzi pamoja, mtu wa sauti atajifunza subira. Mfungo Sita wakati wa Maulidi mji wajaa wageni, vyumba hakuna, Ramadhani usijaribu, na kusi ikivuma katikati ya mwaka bahari yachafuka, sini ya mashua utaitapika. Mafundi wa kuchonga wako, warsha zao utazikuta kwenye njia ya Usita wa Mui na ndani ndani. Huyo mwigizaji wako mkuu mpeleke akae na fundi ajifunze kushika patasi, manake watu wa Lamu wakiona mkono haujui patasi wataizima runinga.

Neno langu la mwisho kwako ni hili, na ndo nilikua nalizunguka. Ukiwa prodyusa utafika siku dizaina wako mpya anakuletea mchoro wa seti nzuri kuliko zako zote, na bajeti haitoshi. Utamkatalia au utakopa? Ukinijibu utakopa, baki idarani kwanza msimu mmoja. Ukinijibu utamkatalia lakini utamwandikia mkataba wenye jina lake na fungu lake seti ikitumika tena, mimi nakuombea dua uanze leo.

SWALI

Assalaam aleikum. Mimi ni mzee wa Mkomani, Lamu, nyumba yangu ni ya kale ya urithi. Wamekuja vijana wa filamu wanataka kuikodi wiki tatu, wasema watapaka rangi sebule na kurudisha kama ilivokua. Wanangu wasema kubali pesa nzuri. Mimi nasita.

*Mwenye Nyumba*

JIBU

Waaleikum salaam mzee wangu. Usisite, lakini usikubali kama walivosema wao. Rangi ya plastiki juu ya chokaa yetu hapana, ukuta wa chokaa hupumua, ukiuziba unyevu wabaki ndani na baadae unababuka wote, hakuna "kurudisha kama ilivokua" hapo. Wakitaka rangi nyengine wasimamishe ukuta wao wa mbao mbele ya wako, wanajua kufanya hivo, ni gharama tu wanakwepa. Msumari kwenye zidaka hapana. Taa zisitundikwe kwenye boriti, boriti za umri huo zimebeba dari yatosha. Jenereta likae nje. Mji wa kale uko kwenye urithi wa dunia wa UNESCO tangu 2001, kwa hiyo chochote cha kugusa nyumba yenyewe watu wa Makumbusho waambiwe kabla.

Piga picha kila ukuta nao wakiwa wapo, chukua amana mkononi, na iandikwe ni watu wangapi waingia na vyumba gani, juu kwa wanawake wasipande ata kuomba maji. Na iandikwe pia kama watatumia picha za nyumba yako kwa msimu wa pili wakulipe tena. Hapo juu umesoma kilichompata binti wa Malindi.

SWALI

Shangazi niko fomu foo Malindi, nataka kuwa dizaina wa seti, nisomee nini na je nahitaji laptop kali?

*Kijana wa Shella, Malindi*

JIBU

Kijana, laptop kali baadae. Chuo cha serikali cha utangazaji ni KIMC huko Nairobi, waulize kozi zao, ukikosa hapo usanifu majengo au ata useremala wa maana utakufaa, manake dizaina asiyejua ubao unaungwaje mafundi humdanganya mchana kweupe. Kuchora vyumba kwa kompyuta kuna SketchUp, ina toleo la bure la mtandaoni ata saiba itatosha. Likizo hii chukua tepu na daftari panda matatu uende magofu ya Gede, tiketi ya raia si kitu, pima milango, pima vyumba, pima yale matao, chora kwa mkono na uandike vipimo pembeni. Ukimaliza rudi nyumbani upime na jiko la mamako, na umwombe ruhusa kwanza.